Kabla Hujalivaa Gauni Lile

Mwanangu Mwanaidi,

Nakuandikia na wewe hujaanza hata safari. Sanduku lako liko hapa miguuni pangu, viatu vyako vya safari viko mlangoni, na wewe mwenyewe umekwenda Manzese kumuaga mama yako mdogo. Ungeniona sasa hivi ungecheka: mama na mwana wanalala nyumba moja, halafu mama anashika kalamu. Lakini yapo maneno ambayo nikiyaanza kwa mdomo, baba yako yuko barazani pale anatengeneza kiti, atayasikia, na mie sipendi ayasikie tena. Barua haina sauti. Utaisoma kwenye treni, mkishaipita Morogoro, machozi yakishakukauka.

Sitakuambia uchemshe maji ya kunywa, wala usikope chumvi kwa jirani usiyemjua, wala urudi nyumbani mapema. Hayo unayajua, na usiyoyajua Tabora itakufundisha. Mwenyezi Mungu akipenda utapiga taipu vizuri kule ofisini kama ulivyopiga chuoni, na wakubwa zako watakupenda. Ninachotaka kukuandikia ni kitu kidogo, mtu mwingine angeona ni upuuzi. Nataka kukuandikia juu ya nguo ya kuendea harusi.

Asubuhi nilifungua sanduku lako nitie udi kidogo katikati ya nguo, kama alivyonifanyia bibi yako nilipoolewa. Nikaikuta kadi. Kumbe mkubwa wako mpya anamwoza binti yake Jumamosi ya kwanza utakayokuwa kule, na ameagiza kila mtu wa ofisini aalikwe, hata mpiga chapa ambaye hajafika. Nikafurahi. Halafu nikainua gazeti ulilofunikia, nikaliona gauni.

Ni zuri, mwanangu. Satini ya kijani, mabega yametuna, mgongo umekatwa, na ule mkanda unaong'aa kama samaki. Nililishika, nikakaa nalo chini sakafuni. Sikujua kama umeshona. Nikajiuliza satini hiyo umeipata wapi, katika mji ambao mtu anapanga foleni tangu alfajiri apate khanga moja, na akiipata ina tundu. Sikujiuliza kwa kukushuku. Nilijiuliza kwa sababu wapo watakaouliza, na wao hawatauliza kimoyomoyo kama mie.

Unaona mwenyewe mambo yalivyo. Redio ikianza kusoma majina ya walanguzi, mtaa mzima unanyamaza, hata watoto. Wanasema kuna watu wanatupa mali zao baharini, vitambaa, redio, sabuni za maboksi. Magari yanapita polepole na hakuna anayejua yanamtafuta nani. Katika hali hiyo wewe unakwenda mji usiokuwa na ndugu, na kwenye harusi ya kwanza ya wakubwa zako utaingia unang'aa kuliko biharusi.

Sasa nikusimulie.

Baba yako humkumbuki alivyokuwa. Wewe unamjua mzee mkimya anayeuza mkaa, anayekaa karibu na mlango popote anapoketi. Mie nilimjua kijana aliyekuwa akiimba anaponyoa ndevu. Tulipotoka Lindi tukapanga chumba hapa Temeke, alipata kazi ya ukarani katika ghala la kampuni moja ya vitambaa ya serikali. Kazi ya kusimamia marobota yanapoingia na yanapotoka. Wewe ulikuwa mdogo, meno ya mbele yalikuwa ndiyo yanang'oka. Wakati ule neno kupe, la kuwaita wanyonyaji, lilikuwa bado la moto. Mtu aliyevaa sana aliangaliwa mara mbili: mara ya kwanza kwa kutamani, ya pili kwa kuuliza.

Siku moja baba yako akaja na kadi. Meneja wake alikuwa anamwoza mwanawe wa kwanza. Katika makarani wote wa ghala, baba yako peke yake ndiye aliyepewa kadi. Aliishika kwa vidole viwili kama inayoungua. Chini kabisa, kwa herufi ndogo, ilikuwa imeandikwa: Mavazi nadhifu.

“Nadhifu ndiyo nini?” nikamuuliza.

“Nadhifu ni nadhifu, mke wangu. Wakubwa wale. Tusiende kama watu wanaokwenda shamba.”

“Si ungemuuliza mtu?”

“Nimuulize nani? Nikiuliza wataona sijawahi kualikwa.”

Na kweli alikuwa hajawahi. Wala mie. Tukaona haya ya kuuliza, mwanangu, na haya ile ndogo ndiyo iliyotupeleka tulikokwenda.

Maana mtu wa kumuuliza alikuwepo. Mama Saidi, mke wa dereva wa kampuni, alikaa nyumba ya nyuma yetu, na alikuwa ameshakwenda kwa meneja mara nyingi kusaidia mapishi. Alipolisikia suala la harusi, alikuja mwenyewe bila kuitwa, akasimama mlangoni na ungo wake kiunoni.

“Mie pale naendaga na kitenge changu na kilemba, basi,” akaniambia. “Hata mke wa meneja mwenyewe havai makuu. Siku hizi wale wanaogopana.”

Nikamshukuru kwa mdomo. Moyoni nikasema, huyu ana kijicho, anataka niende nimechakaa ili nisimpite. Nimeishi na maneno yale ya Mama Saidi miaka yote hii. Hakusema wanapenda unyenyekevu, wala hakusema ni watu wa dini. Alisema wanaogopana. Mtu anayekuambia kitu kama hicho amekupa zawadi, nami niliipokea kama tusi.

Nilikuwa na lesi. Shangazi yangu wa Mombasa, marehemu, alinipa siku ya harusi yangu, lesi nyeupe nzito, nikaitunza kwenye sanduku na karafuu ndani yake, sijawahi kuikata. Nikampelekea fundi. Baba yako alikuwa na suti ya rangi ya bluu nzito, ya vipande vitatu, aliyoinunua kwa familia moja ya Kigiriki iliyokuwa inafunga nyumba kurudi kwao. Akatafuta na tai. Siku ya harusi tulipotoka hapa mlangoni, majirani walitoka kututazama. Bibi mmoja akapiga kigelegele. Wewe ulitukimbilia ukataka kunishika gauni, nikakukemea usinitie vumbi. Nilijiona nimefika.

Harusi ilikuwa ukumbini, Kinondoni. Tuliposimama mlangoni nikaona kwa jicho moja.

Wanaume wote walikuwa wamevaa mashati ya mikono mifupi ya pamba ya hapahapa nchini, au zile suti nyepesi zisizo na tai ambazo viongozi walivaa. Wanawake vitenge, vitenge, vitenge. Biharusi mwenyewe alikuwa na gauni jeupe la kitambaa cha kawaida, hata shela yake ilikuwa fupi. Bwana harusi hakuwa na tai. Pale mbele alikaa mgeni rasmi, mkubwa mmoja wa mkoa, na ni yeye waliyekuwa wamevaa kwa ajili yake. Ukumbi mzima ulivaa kwa ajili ya macho ya mtu mmoja. Na sie tumesimama mlangoni kama tumekuja kuwaoa wote.

“Turudi,” nikamnong'oneza baba yako.

“Wameshatuona,” akasema.

Mke wa meneja alikuja kutupokea. Akanikumbatia, halafu mkono wake ukabaki kwenye lesi, akaisugua kwa kidole gumba kama mtu anayenunua.

“Jamani, jamani! Kitambaa hiki! Ni duka gani hilo, nasi tukapange foleni?”

Wanawake waliokuwa karibu wakacheka. Nikafungua mdomo niseme ni ya shangazi yangu, ni ya zamani, lakini kicheko kilikuwa kimeshapita na yeye ameshageuka.

Mgeni rasmi alikuwa anatutazama. Akamwinamia meneja. Sikusikia alichouliza, lakini nilisikia jibu, kwa sababu meneja alilisema kwa sauti:

“Huyo ni kijana wangu wa ghala.”

“Wa ghala?”

“Ndiyo, Ndugu. Ghala la vitambaa.”

Mwanaidi, nimejaribu mara nyingi kukumbuka uso wa meneja wakati ule ili niueleze vizuri. Hakukasirika. Ningeelewa kama angekasirika, maana tulimharibia. Alimtazama baba yako kuanzia viatu mpaka tai, taratibu, akawa kama mtu aliyepoteza kitu chake muda mrefu halafu akakiona kimelala njiani. Kisha akatabasamu. Akaja akamshika baba yako bega, akamwita mpiga picha.

“Simameni hapa mbele,” akasema. “Hapa penye mwanga. Wewe mama, sogea, gauni lionekane lote.”

Baba yako alidhani tumesamehewa. Alinyoosha shingo akatabasamu. Mie sikuweza kutabasamu. Tulikula, tukapongeza, tukarudi. Njiani baba yako hakuimba.

Kilichofuata unakijua vipande vipande, kwa watoto wa mtaani waliokutania shuleni. Marobota yalikuwa yamepungua ghalani. Yalikuwa yamepungua kabla ya harusi ile, tena kwa muda mrefu, lakini ilikuwa haijapatikana sura ya kubebeshwa lawama. Askari walikuja mchana, wakampakia baba yako kwenye Land Rover. Nilipokwenda kituoni na chakula, wakaniita ndani. Mezani palikuwa na picha. Mie na baba yako, penye mwanga, gauni limeonekana lote.

“Mshahara wa karani unanunua hii?” afande akaniuliza.

“Alinipa shangazi yangu.”

“Yuko wapi huyo shangazi?”

“Amekufa.”

“Na suti?”

“Kwa Wagiriki.”

“Wako wapi hao Wagiriki?”

“Wamerudi kwao.”

Akaniangalia karibu kwa huruma. “Mama,” akasema, “watu wako wote hawapo.”

Masika yalikuja yakaisha baba yako yuko rumande. Hakupelekwa mbele ya hakimu hata siku moja. Waliposhindwa kupata kingine zaidi ya picha ile wakamwachia, bila neno la samahani, na kazi ilikuwa imeshakwenda kwa mwingine. Meneja alipandishwa cheo akahamishiwa mkoa mwingine. Alipokwisha kuondoka, dereva, yule mume wa Mama Saidi, alikuja kwetu akakaa pale uani akalia. Alisema marobota yale aliyabeba yeye, kwa amri, akayashusha kwenye nyumba ya meneja iliyokuwa inajengwa njia ya Mbezi. Baba yako alimsikiliza mpaka mwisho, akamkaribisha uji. Hakumwomba akaseme popote. Nilipomuuliza kwa nini, alisema, “Ana watoto.”

Usije ukasema gauni la mama ndilo lililomfunga baba. Mie nimelisema hilo miaka mingi na si kweli. Mwizi alikuwa mwizi, na angemtafuta mtu tu. Lakini tulikwenda wenyewe kwa miguu yetu tukasimama mbele yake, tumempambia.

Sasa ungedhani nilijifunza. Sikujifunza, nilitishika tu. Mtu aliyejifunza anafungua macho, aliyetishika anayafumba. Sikiliza nilichokifanya baada ya hapo.

Baba yako akiwa bado ndani, mama yako mdogo Mwajabu aliolewa Chanika. Wakati huo Chanika ilikuwa shamba kabisa. Wakwe zake walikuwa wakulima wenye minazi na mihogo, watu wa heshima, wakali wa mila. Mwajabu alikuwa ameniletea sare. Dada na mashangazi wote wa biharusi walikuwa wavae khanga za aina moja, nyekundu na nyeupe, ili upande wa mume wakituona waseme, hawa wana watu. Alizipata kwa taabu, doti kwa doti, na yangu akaileta mwenyewe kwa mkono wake.

Nami nikaiogopa. Nilikaa na khanga mpya mapajani nikamwona yule afande akiuliza zimetoka wapi. Nikaona macho kila dirisha. Sikuwa nimemwambia Mwajabu kwamba shemeji yake yuko rumande. Nilimwambia amesafiri kikazi. Niliona haya, mwanangu, ile haya ileile, sasa imegeuka upande wa pili. Siku ya harusi nikavaa kaniki. Kaniki yangu kuukuu ya kulimia, nyeusi, imepauka. Nikajiambia, hapa hakuna atakayeniona.

Nilipoingia uani, wanawake walikuwa wanaimba. Wimbo ulikatika upande niliokuwa nikipita, kama mtu anazima taa moja moja. Mama mkwe wa Mwajabu akainuka mkekani.

“Nani amefiwa?” akauliza.

 Shangazi mmoja wa upande wetu akanivuta akanisukumia chumbani kwa biharusi. Mwajabu alikuwa amekaa kitandani na hina zake mbichi, hawezi kushika kitu. Alinitazama kuanzia kichwani mpaka chini.

“Dada, leo?” akasema. “Leo ndiyo umenijia hivi? Sare yangu iko wapi?”

“Nimeisahau.”

“Umeisahau.”

Machozi yakamshuka na hawezi kuyafuta kwa ajili ya hina, nikayafuta mie, akageuzia uso wake ukutani. Nje walianza kuimba tena lakini haikuwa ileile.

Wakwe hawakusahau. Kila walipogombana naye walimrushia: ninyi ndio mliokuja kutuzikia mtoto wetu hai. Mwaka uliofuata Mwajabu akazaa mtoto wa kiume, mtoto yule akafariki kabla ya arobaini. Watoto walikuwa wakifa sana Chanika wakati ule, kwa homa, kwa maji, zahanati ilikuwa mbali. Lakini yule mama mkwe alisema mbele ya watu waliokuja kuzika kwamba kifo kile kilikaribishwa siku ya harusi, kilikuja kimevaa kaniki. Mie nilikuwa nimeketi palepale. Hawakukaa na Mwajabu muda mrefu. Alirudishwa na talaka na kikapu kimoja cha vyombo, ndipo alipokwenda kupanga Manzese, akaanza kukaanga vitumbua.

Sasa umejua kwa nini ulikuwa unatumwa kwake peke yako. Ulikuwa ukiniuliza, “Mama, kwa nini huji?” nami nakuambia nina kazi.

Nilikwenda hatimaye. Ulikuwa darasa la sita au la saba. Nilimkuta anapepeta mchele mlangoni kwake, nikakaa chini bila kukaribishwa, nikamweleza yote: rumande, picha, afande, sare niliyoificha chini ya godoro kama mali ya wizi. Alipepeta mchele ule mpaka ukabaki hauna hata pumba moja. Halafu akasema:

“Ungeniambia, Dada, ningevaa kaniki na mie. Tungevaa wote.”

Ndiyo hivyo tu. Tumepatana, lakini unaona mwenyewe tunavyokaa, kama watu waliowahi kuunguzwa na jiko moja. Mie ningetoa hayo maisha yote niliyobakiza ili nimsikie akiniambia maneno hayo siku ile ya hina.

Kwa hiyo, mwanangu, nikikuambia angalia nguo ya kuendea harusi, usidhani nakufundisha uoga. Uoga nimeuvaa, ulinikaa vibaya kuliko lesi. Nakuambia uliza. Ukifika Tabora, kabla hujalitoa gauni lile kwenye sanduku, mtafute mwanamke mmoja aliyewahi kuingia katika nyumba ile. Usimuulize mkubwa wako, hatakuambia kweli. Muulize anayeosha vyombo pale, au mke wa dereva, au dada wa biharusi ukimpata. Muulize harusi ni ya mchana au ya usiku, ukumbini au uani, na nani atakaa mbele. Muulize mama wa biharusi mwenyewe atavaa nini, halafu wewe vaa hatua moja chini yake. Kama kuna sare, ivae, hata kama rangi yake huipendi, hata kama umeiazima. Anayekupa sare anakuambia nihesabu. Kadi ikisema nadhifu, ujue mwandishi wake hakutaka kusema anachomaanisha, kwa hiyo kamuulize mtu.

Na akikujibu usilopenda, usimwone ana kijicho.

Gauni sikulitoa. Nilifikiria kulichoma jikoni, sikufichi. Nililibeba mpaka karibu na moto. Halafu nikakumbuka kwamba ni wewe uliyelishona, kwa jasho lako au kwa ujinga wako, na siwezi kuendelea kukuvisha nguo. Nimelirudisha chini kabisa. Juu yake nimeweka kitenge changu cha maua ya zambarau, hakijafuliwa zaidi ya mara tatu. Huenda harusi ya Tabora ni ya kifahari, watu wote wanang'aa, na wewe ukienda na kitenge utajiona umechelewa kuamka. Inawezekana. Sijui. Ndiyo maana nasema uliza.

Nilitaka kuishia hapa, nimalizie na dua. Lakini nimeacha kalamu kidogo, na sasa nimerudi.

Jua lilikuwa linaelekea kuzama. Gari lilikuja polepole, likapita kwetu, nikavuta pumzi, likasimama nyumba ya tatu ng'ambo ya barabara, kwa Athumani fundi baiskeli. Vijana wawili wa mgambo na mtu mwingine wa kiraia. Sijui wanachomtafutia. Labda mipira ya baiskeli, labda sukari, labda kuna mtu alitaja jina la Athumani ili lake mwenyewe lisitajwe. Walimtoa kama walivyomkuta, kifua wazi, shuka la msuli kiunoni, miguu mitupu, povu la sabuni bado liko shingoni. Watoto wake wamejipanga ukutani. Mkewe akawa anapiga kelele, “Mwacheni avae, jamani! Mwacheni avae!”

Kijana mmoja akasema, “Anakokwenda hakuna harusi.”

Mtaa mzima madirisha yamefungwa. Mie nilikuwa nyuma ya pazia. Nikamwona baba yako anaweka nyundo chini. Anainuka. Nilimwita kwa sauti ndogo, hakugeuka. Akavuka barabara huku anafungua vifungo vya shati lake, lile jeupe alilolivaa leo kwa ajili yako, kwa ajili ya kuagana. Akafika mpaka kwenye gari, yeye ambaye akiona kofia ya askari sokoni hubadilisha njia.  Akamvika Athumani lile shati, mkono mmoja, wa pili, akalisawazisha mabegani, halafu akaanza kulifunga vifungo, kimoja kimoja, hana haraka, mpaka cha shingoni. Wale vijana walisimama wakamtazama. Sijui kwa nini hawakumsukuma. Nadhani hawakuwa wamewahi kuona mtu anafanya hivyo.

Athumani akasema, “Ahsante, kaka.” Gari likaondoka.

Baba yako amerudi kifua wazi amekaa kwenye kile kiti ambacho hakijaisha kutengenezwa. Hajaingia ndani. Nimempelekea shuka ajifunike.

“Hukuogopa?” nikamuuliza.

“Naogopa mpaka sasa,” akasema. Akajivuta shuka mabegani. “Mie siku ile walinichukua na fulana iliyochanika. Nilikaa nayo mle ndani mpaka ikaniozea mwilini. Mtu asipelekwe vile, watoto wake wanamtazama.”

Miaka yote hii hakuwahi kuniambia hilo.

Sijui kama watarudi kumuuliza yeye ni nani hata akampa shati mtuhumiwa. Huenda wakarudi. Likitokea lolote kabla ya treni kuondoka, wewe panda treni. Usishuke, usirudi, usiniangalie mie. Nimeshajua njia ya kupeleka chakula.

Nasikia sauti yako pale kona, unawaamkia wazee waliotoka tena kukaa mabarazani kana kwamba hakuna kilichotokea. Hujajua bado. Naikunja barua hii niitie ndani ya mikunjo ya kitenge kile, juu sandukuni, kabla hujafika mlangoni, halafu nikaoshe uso, nikupakulie.

Mungu akutangulie katika kila nyumba utakayobisha hodi.

Mimi mama yako.